Siku ya Kuanua Nguo

"Enyi watazamaji! Simameni kimya mbele ya jengo hili tukufu, ambalo kuta zake..."

Tone la maji likatua kwenye lenzi. Juu, kwenye roshani ya tatu, chupi ya baba mmoja mnene ilipepea kama bendera ya taifa lililokata tamaa.

Mpiga filamu akasonya. Mtaani walimwita Kiguu-na-Njia, maana hata chai aliinywa akitembea. Wiki nzima alikuwa akirukaruka mbele ya jengo alimolelewa na shangazi yake, akitafuta picha moja safi ya roshani zile za mviringo. Lakini kila roshani ilikuwa na kamba, na kila kamba ilijaa shuka, soksi na sidiria. Usanifu utauonea wapi?

Subira haikuwa fungu lake. Akaiacha kamera ikinasa, akakimbilia ngazini, akabana pua na kutoa sauti ya kiserikali: "Dawa ya kunguni inapigwa! Anueni nguo, fungeni madirisha, asichungulie mtu!"

Kufumba na kufumbua, jengo likabaki jeupe na tupu. Akapiga picha, akairusha mtandaoni jioni ileile.

Haikupita wiki, mkaguzi wa manispaa akatokea na kopo la rangi nyekundu, akachora alama ya kubomoa ukutani.

"Hapa hapakai mtu," akawaambia wapangaji, akiinua simu yake yenye picha ile. "Oneni. Hata kitambaa cha jikoni hakuna."

"Na sisi je, ni majini?" akauliza shangazi.

"Mama, kila nikija na rangi, wapangaji huchipuka kama uyoga. Nataka ushahidi."

Shangazi akageuka. "Mwanangu, si ulikuwa hapa na kamera siku nzima? Mwonyeshe. Mbona unahangaika kama kuku anayetaka kutaga?"

Kiguu-na-Njia alikuwa nao ushahidi: kamba zote, nguo zote, asubuhi ileile. Tatizo ni kilichofuata. Akawasha kamera, kidole kikinyemelea kitufe cha sauti.

"Usiizime sauti," akasema mkaguzi. "Nisikie kama kuna watu."

Walikuwepo. Mtoto alilia, sufuria zikagongana, chupi ikapepea. Kisha zikasikika mbio za viatu, na sauti ya puani: "Dawa ya kunguni inapigwa!"

Baba mnene akamkodolea macho. "Kumbe kunguni mwenyewe ni huyu!"

"Sauti hiyo naijua," akasema shangazi polepole. "Ndiyo iliyomwamsha mwalimu wa zamu eti bweni linaungua. Nikaitwa shuleni kwenu nikakuombee radhi."

Kiguu-na-Njia akatazama ngazi, akatazama mlango. Kwa mara ya kwanza miguu yake ilikataa kwenda.

"Ni mimi, shangazi. Hapakuwa na dawa wala kunguni. Nguo zenu ziliniharibia picha, nikawadanganya. Bwana mkaguzi, futa alama yako. Hapa wanakaa watu."

"Na wewe?" akauliza shangazi, akimsukumia beseni la nguo mbichi.

"Na mimi," akasema, akachukua vibanio.