Siku Tuliyomhamisha Mzee Akida

Mama mkwe wangu, Bi Kijakazi, alikuwa hawezi kumpita mtu bila kumsalimu. Kwenda naye sokoni Tinde ilikuwa adhabu. Atamwulizia muuza mkaa watoto wake, mbuzi wake, na goti la bibi yake lililouma masika yaliyopita. Kwa hiyo siku ya kuhama, mume wangu Sabiti aliponiambia kwamba mama ndiye atakayeibeba sauti ya baba, nilicheka hadi nikakaa chini.

"Mwanaima, usicheke," alisema Sabiti. "Hakuna mwingine anayeruhusiwa."

Kweli hakuna. Kwetu kila nyumba ilikuwa na chungu kidogo juu ya mlango, kimekandikwa ukutani, mdomo umeelekea ndani. Mwenye nyumba akihisi siku zake zinakaribia kwisha, hutamka humo neno moja, na akishazikwa, kila jua likizama chungu hulitoa neno lile kwa sauti yake mwenyewe. Chungu hakibanduki, ukikibandua kinapasuka. Wanaohama humtegemea mjane. Yeye huweka midomo kwenye chungu, huivuta sauti kama anayevuta uji wa moto, hufumba kinywa, na hutembea akipumulia pua hadi kwenye chungu kipya. Akifumbua njiani, sauti imekwenda na hairudi.

Wengine huacha dua au wosia. Mzee Akida, baba mkwe wangu, aliacha, "Wewe, umekula?" Ndivyo alivyomwuliza mkewe kila jioni akitoka dukani, kwa ukali kana kwamba wanagombana, na ndivyo alivyoendelea kumwuliza kutoka ukutani. Mama alikuwa akijibu, "Nimekula, Baba Sabiti," hata kama ugali ulikuwa bado mekoni.

Nilimpenda mzee yule, lakini alikuwa na kichwa kigumu. Binti yake Zuwena alipompenda Thobias, mchimbaji dhahabu wa kule Rwamgasa, Mkristo, mzee alikataa. Zuwena alikuja kuaga. Akapiga magoti uani, akasema, "Shikamoo baba." Mzee akageukia ukuta. Akaamkia tena. Mzee hakuitika, akatukataza na sisi, mama akiwemo, tusiitike. Zuwena akainuka, akajipangusa vumbi, akaenda zake Geita. Mwaka uliofuata mzee akafa, na habari zikamfikia Zuwena matanga yameshaanuliwa. Hakuja. Angekuja kwa nani?

Basi mwaka ule wa sabini na nne, watu wa kitongoji chetu tulipangiwa kijiji kipya kando ya barabara kuu. Sabiti alitangulia na mkokoteni wa ng'ombe uliojaa mabati na vitanda. Mimi nilitembea mbele ya mama, sufuria ya wali kichwani, njuga mkononi. Njuga ile huwaambia watu kwamba anapita aliyebeba sauti, wasimsemeshe. Salamu zote za "Mwangaluka" zilikatikia midomoni mwa watu. Mama, maskini, aliteseka. Mashavu yalikuwa yamemvimba na macho yakimwamkia kila mtu. Mzee Onesmo alipotupita na baiskeli, nyusi za mama zilimwulizia ukoo mzima. Nilicheka kimoyomoyo njia nzima.

Tulipoikaribia barabara, lori la pamba likatupita. Kwa ngurumo ile hata mimi sikuisikia njuga yangu. Vumbi lilipoanza kutua niligeuka, nikamwona mwanamke amepiga magoti mbele ya mama, furushi kando, mtoto amelala mgongoni.

"Shikamoo mama."

Alikuwa Zuwena. Amekonda, nywele zimejaa vumbi jekundu, viganja vimekuwa vigumu kwa kuponda mawe. Baadaye alitueleza kwamba alisikia tunahama, akaogopa kwamba akichelewa atakuta mahame, asijue pa kutuulizia.

Mama alisimama pale, kinywa kimefumbwa.

"Shikamoo mama," Zuwena akarudia, sauti imeshuka. Kisha akalivuta furushi lake taratibu, kama mtu aliyekwisha kulijua jibu, akaanza kuinuka.

"Zuwena, ngoja!" nilipiga kelele. "Mama amembeba—"

Mama akafumbua kinywa.

Iliyotoka kwanza haikuwa sauti yake. Ilikuwa nzito, kavu, na ina ukali wake wa siku zote.

"Wewe, umekula?"

Zuwena alirudi chini kwa magoti. Akakitazama kinywa cha mama, akatazama nyuma ya mama, kisha akajibu kwa sauti ya kitoto, "Bado, baba."

Hakuna aliyemjibu tena. Mzee alikuwa amekwenda. Ndipo mama akaipata sauti yake mwenyewe. "Marahaba, mwanangu. Marahaba. Marahaba." Aliitika shikamoo za barabarani, akaitika na zile za uani.

Mimi nilikuja juu, siwezi kuficha. "Mama! Si ungemshika mkono tu? Ungemwonyesha mdomo, ni mtoto wa nyumba, angeelewa! Jioni angemsikia baba ukutani, na wewe ungekuwa naye maisha yako yote!" Machozi yalinitoka. Hata mimi nilikuwa nimemzoea mzee yule.

Mama alikuwa ameshaushika uso wa Zuwena kwa mikono miwili. Hakunitazama. "Mwanaima, mtoto huyu amepiga magoti miaka mitano. Nimwitikie kwa mkono?"

Nilipangusa machozi. Nikaishusha sufuria, tukakaa kando ya barabara, Zuwena akala. Mama hakunyamaza tena hata kidogo. Thobias hajambo? Shimo lao linaingia maji? Na huyu mjukuu, ameanza kuota meno?

Jioni, katika nyumba mpya, jua lilipozama mama alikatiza maneno. Sote tukainua macho. Chungu kipya kilikuwa juu ya mlango, bado hakijakandikwa udongo, na hakikutoa kitu. Mama akafuta macho kwa pindo la kanga, akapanda juu ya kigoda, akakishusha, akampa Zuwena.

"Tia chumvi humo," alisema. "Nyumba hii haina pa kuwekea chumvi."