Leocadio na Kiwiko cha Rudel

Leocadio Mercedes alirusha mpira wa besiboli misimu kumi na minne, saba kati yake Marekani, na hapa Los Guayos hata mabibi waliweza kuuiga mrusho wake. Kisha kano ya kiwiko ikamkatika katikati ya mchezo, mbele ya watu elfu tisa. Daktari akamwambia basi.

Redio ikamwita atangaze michezo. Mimi ndiye niliyekuwa fundi mitambo kwenye kibanda cha matangazo. Siku ya kwanza mpira ulipigwa ukatoka nje ya uwanja, naye kimya! Doña Zunilda, mtangazaji mkuu, akazima kipaza sauti.

"Wewe baba, umemeza mfupa?"

"Naona mengi mno, mama. Sijui nianze na lipi."

"Anza na lile sisi tusiloliona."

Tangu hapo akashika kazi. Akisema, "Sasa anarusha wa polepole," unakuja wa polepole kweli. Watu wakawa wanakuja uwanjani na redio sikioni.

Msimu wake wa tatu redioni, Jumapili mchana, mrushaji wetu alikuwa Rudel Tejeda, miaka ishirini na mmoja. Zamu ya nane kati ya tisa ilifika na hakuna mpinzani aliyeupiga mpira wake sawasawa. Uwanja ulikuwa unaimba jina lake. Leocadio akakunja uso.

"Mtoeni," alisema hewani. "Kiwiko kimeshuka, na kila akirusha anakung'uta vidole. Mimi nilikuwa hivyo hivyo wiki ile kabla kano haijakatika."

Don Evaristo, mwenye timu, alipanda ngazi mwenyewe, jasho likimchuruzika.

"Leocadio! Nimekukaribisha mezani halafu unanitilia mchanga? Futa kauli!"

Kidole changu kilikuwa tayari kwenye swichi. Leocadio akanitikisia kichwa, nisizime.

"Karibu kiti, Don Evaristo. Tuko hewani. Hebu waambie watu, mkono ule ni wako au ni wa Rudel?"

Mzee alikitazama kipaza sauti, akashuka. Huko chini, watu wa jukwaa la juani, lile la bei nafuu, walishaanza: "Mtoeni! Mtoeni!" Kocha akaingia kumtoa. Rudel alitupa glovu, machozi yakimlengalenga, na mchezo tukaupoteza.

Jumanne majibu ya hospitali yalitoka: kano imechanika nusu. Mirusho michache zaidi, nayo ingekwisha kabisa. Rudel alikuja kibandani, bado amenuna.

"Umeninyima siku yangu, mzee."

"Nimekunyima, mwanangu. Nikasirikie miaka kumi, ilimradi uwe unarusha."

Kijana alijikaza, akashindwa, akacheka.

Alipumzika msimu mzima. Aliporudi, Doña Zunilda alikuwa amestaafu na kiti cha katikati kilikuwa cha Leocadio. Mrusho wa kwanza wa Rudel ulimpita mpigaji kabla hajainua gongo. Leocadio alisubiri kelele zipungue kidogo.

"Kiwiko kiko juu," akasema. "Tuendelee."