Safu ya Karibuni

Bibi Raheli wa Chome alikuwa na desturi ya kuiitikia simu. Kila alipofungua Sebuleni, ile programu ya kutazama vipindi, na kuishusha kwa kidole gumba mpaka kwenye safu iliyoandikwa "Vilivyoongezwa Karibuni", alisema kwa sauti, "Ahsante, tumekaribia." Ndipo akaanza kutazama ni akina nani waliomo humo.

Mjukuu wake Eliaichi alilijua jambo hilo na hakuwahi kumsahihisha. Aliona haya. Angemwambiaje mtu mzima, aliyemaliza Biblia mara mbili kwa miwani ya kuazima, kwamba karibuni ile ni ya siku, si ya mlangoni?

Simu ilikuwa ya Eliaichi, ile ya zamani. Alimwachia Bibi wakati wa Krismasi, pamoja na akaunti yake ya Sebuleni, ili mzee apate kwaya na mahubiri ya kumchangamsha. Kisha akashuka Same, kwenye steshenari ya Fadhila karibu na stendi anakofanya kazi ya kuchapa barua na kutoa fotokopi. Tangu siku hiyo hakupanda tena, na sasa ulikuwa mwezi wa nane. Si kwamba Chome ni mbali. Akitoka nje ya duka na kuinua macho, milima ilikuwa palepale. Ila kule juu kila mtu angemuuliza ile diploma imempatia kazi gani, naye hakuwa na jibu la kumtosha mtu. Kwa hiyo kila Jumamosi saa nne asubuhi alimtumia Bibi bando. Jumapili baada ya ibada Bibi alilipeleka bando lake kwenye jiwe la nyuma ya kanisa, mahali pekee ambapo intaneti inashika, na kina mama wakamzunguka.

Mwezi wa pili walikuja watu wenye kamera, wakitengeneza kipindi kuhusu wanaoishi kando ya msitu wa Shengena. Walikaa kwa Bibi siku mbili. Waliaga wakimwambia atajiona Sebuleni, na Eliaichi akamwelekeza kwa simu: "Shuka mpaka pale penye Karibuni, Bibi. Kikiwekwa tu, utajikuta hapo."

Kikawekwa, Jumanne moja. Eliaichi alikiona mchana, mashine ya fotokopi ikiwa inapoa. Bibi amejifunga kilemba chake cha kanisani, amekaa mbele ya migomba, anaeleza habari za nyuki na mvua kana kwamba amezaliwa mbele ya kamera. Eliaichi alitabasamu mwenyewe kama mwehu. Dakika ya kumi na tisa sauti ya mwanamume ikauliza, "Unaishi na nani hapa?"

"Mwenyewe. Lakini nina mjukuu pale Same, ana diploma. Huja kila Jumamosi."

Alisema hivyo bila kupepesa macho. Eliaichi alizima simu, akailaza kifudifudi juu ya karatasi.

Chome nzima ilijua kwamba hajapanda. Chome nzima ingekaa pale kwenye jiwe na kusikia mzee akidanganya kwa ajili yake. Na kama Bibi angejua kwamba mjukuu amesikia, wangetazamana vipi?

Safu ile hubeba picha kumi tu, na mpya zinapoingia, za zamani husukumwa nje. Jumamosi saa nne picha ya Bibi ilikuwa ya mwisho, pembeni kabisa. Eliaichi alishika simu, namba ya bando ikiwa tayari, asibonyeze. Alingoja, maana bila bando Bibi asingeweza kujiona. Saa kumi na moja jioni kikaingia kichekesho kipya na kilemba cha Bibi kikatoka. Ndipo akatuma.

Hilo ndilo lililomfanya akose usingizi. Kunyamaza mtu anaweza kukuita usahaulifu. Ile saa kumi na moja haikuwa na jina lingine.

Jumapili ya tatu tangu kipindi kiwekwe, Bibi alipiga.

"Shikamoo, Bibi."

"Marahaba, mama. Nimetoka pale Karibuni sasa hivi. Wamekaribishwa Wakorea, wamekaribishwa Wanaijeria, yuko na mpishi mmoja anakaanga pweza. Mimi sipo."

"Bado, Bibi. Labda wiki ijayo."

"Mama Loth jirani anasema wamenikata." Upepo ulivuma kwenye simu. "Nimekuwa nikiwaza, Eli. Nadhani ni meno. Siku ile nilicheka sana, na hapa mbele hayapo. Ungekuwa wewe, ungeweka mtu wa namna hii watu wamtazame?"

Eliaichi alisema mtandao unakatika, akakata yeye.

Kesho yake Fadhila, bosi wake, alimkuta ametoa nakala arobaini za barua iliyohitajiwa nne.

"We mwana, nani kakuvuruga? Mwanamume?"

"Bibi."

Akamsimulia yote, akiangalia sakafu. Fadhila alisikiliza bila utani, jambo ambalo si kawaida yake. "Jumamosi usije kazini," alisema mwishowe. "Panda. Na usimtumie bando siku hiyo. Mfikie wewe."

Alikipakua kipindi palepale dukani ili asitegemee mtandao wa mlimani, na Jumamosi akapanda na gari la alfajiri. Saa tano alikuwa anapiga hodi.

"Karibuni!" Bibi alijibu kutoka jikoni. Alipotokea na kumwona, aliufuta mkono wake kwenye kanga, akaufuta tena, kana kwamba haukauki. Kisha akamshika kichwa.

"Kipindi kimewekwa, Bibi. Nimekuja nacho."

Bibi Raheli alitoka uani akapaza sauti kuita, na haikuchukua muda sebule ikajaa: Mama Loth wa nyumba ya chini, mwenye ulimi usiolala, Bibi Blandina wa kwaya, na wengine wawili waliotoka shambani na majembe yao. Simu iliegemezwa kwenye birika. Eliaichi alibonyeza.

"Mwenyewe," ikasema sauti ya Bibi. "Lakini nina mjukuu pale Same, ana diploma. Huja kila Jumamosi."

Kilikuwa kimeanzia pale alipokiacha. Alikisimamisha haraka.

Mama Loth alikohoa. "Mbona kinaanzia katikati? Hiki kimeshatazamwa."

"Ni... ni mtandao, mama," Eliaichi alisema, akasikia uongo wake ukitua katikati ya chumba.

"Na hiyo Jumamosi?" Mama Loth aliendelea, akimgeukia Bibi. "Huja wapi, Raheli? Mimi ndiye jirani yako. Au hupitia paani?"

Wawili wakacheka. Bibi alinyoosha mgongo.

"Huja kwenye simu. Saa nne kamili ujumbe unalia, nasema, haya, Eli amefika. Wewe wa kwako huko Dar anakulilia saa ngapi?" Akaigeukia simu. "Hajakosa hata Jumamosi moja. Mara moja tu alichelewa, akaja jioni. Nilijua ana kazi nyingi. Rudisha mwanzo, mama, watu waone."

Eliaichi alirudisha mwanzo. Masikio yalimwaka. Wale kina mama walitazama wakisahau majembe. Kwenye nyuki wakashangilia, na Bibi alipocheka kwenye picha, pengo lote nje, Bibi Blandina akapiga makofi. "Hawakulikata pengo lako, Raheli!"

"Hawakulikata," Bibi alikubali kwa sauti ndogo, akaziba mdomo kwa kanga.

Ikapita dakika ya kumi na tisa, safari hii bila kikohozi, na Eliaichi akaingia sehemu ambayo hakuwahi kuiona. Kamera ilikuwa jikoni. Bibi anapakua makande kwenye sahani mbili za bati.

"Hii ya pili ya nani?" sauti ya mwanamume iliuliza.

"Leo ni Jumamosi," Bibi wa kwenye picha alisema, kana kwamba jibu limekamilika, akaifunika sahani kwa sahani nyingine.

"Hiyo huwa naila mimi," Mama Loth alisema. Safari hii hakucheka mtu, hata yeye mwenyewe.

Wageni walipotawanyika, Bibi alichukua simu yake, ukurasa wa Sebuleni ukiwa vilevile alivyouacha Jumapili, akawa anaushusha na kuupandisha.

"Nionyeshe kilikuwa safu gani. Nilitafuta sana."

"Bibi, ile karibuni si ya kukaribisha wageni. Ni ya siku. Kwamba kimewekwa siku si nyingi. Zikipita wanakitoa."

"Wanatoa? Baada ya siku ngapi?"

"Nne. Tano."

"Basi hao hawajui kukaa na mgeni," Bibi alisema. Kidole chake kilikuwa kimesimama juu kabisa. Safu ya kwanza iliandikwa "Endelea Kutazama", na picha ya kwanza ndani yake ilikuwa kilemba chake. "Hee! Kumbe nipo na huku. Huku sijawahi kutazama. Niliona imeandikwa endelea, nikajua ni mambo yako uliyoyaanza. Kijana ana vyake, si vizuri mtu mzima kuchungulia. Kila Jumapili naipita nashuka."

Jumapili tatu. Picha yake mwenyewe ilikuwa chini ya kidole chake, naye akaipita kwa heshima.

"Nilikiona kipindi tangu siku ya kwanza," Eliaichi alisema. "Nikaishia uliposema naja. Ile Jumamosi niliyochelewa sikuwa na kazi, Bibi. Nilikuwa nangoja utoke kwenye safu."

Bibi aliweka simu chini taratibu, akavua miwani. Aliangalia mlangoni, mwanga wa mchana ukionyesha kila mkunjo wa uso wake.

"Kwa hiyo hayakuwa meno," alisema.

"Hayakuwa meno."

Aliinuka akaenda jikoni. Eliaichi alisikia mfuniko, kisha upawa. Bibi alirudi na sahani mbili za bati, akaweka moja mbele ya Eliaichi, akakaa.

"Hodi!" Mama Loth alikuwa mlangoni tena. "Nimefuata sahani yangu."

"Leo mwenyewe yupo," Bibi alijibu.

"Haya. Nitakuja Jumamosi ijayo."

Bibi Raheli alimtazama mjukuu wake, kijiko kikiwa mkononi. Eliaichi alitaka kusema kwamba Jumamosi ijayo pia atakuwepo. Neno lilifika mpaka kwenye ulimi. Akajaza mdomo makande, akatafuna polepole, asije akaahidi kitu ambacho Bibi angekisimulia tena mbele za watu.