Nukta Saba za Mwalimu Faradji

...na mstari wa chini kauwekea nukta moja, kidole chake bado kimesimama pale mchangani, kwenye ubao wa ramli, na Mwalimu Faradji anatikisa kilemba, anasema "kichwa chini, Mzee Amisi, sura imetoka kichwa chini, ndoa hii haikai", haikai, kasema hivyo hivyo tu, kama mtu anayesema mvua inakuja, anua mpunga, na mimi Sumaili niliyekuja hapa kuposa na kanzu iliyofuliwa mara mbili na kupigwa jiwe nasikia moyo umeshuka hadi kwenye kisigino, na Mzee Amisi, baba yake Feza, anavuta ndevu zake, ndevu nne ukizihesabu vizuri lakini anazivuta kama za sultani, na nyuma ya ukuta wa matete kinu kimenyamaza, alikuwa anatwanga, Feza, tu, tu, tu, nikawa najua yuko wapi bila kugeuza shingo, sasa mchi umesimama, anasikiliza, anasikiliza jinsi ninavyonyamaza, mimi ambaye Kasongo nzima inajua sijanyamaza tangu kuzaliwa, mama yangu husema nilitoka tumboni nikibishana na mkunga... "basi yule wa Kabambare", anasema Mzee Amisi polepole, hanitazami, "wachukuzi wake iko tayari, kesho kutwa wanarudi kwao, ningetaka kumupa jibu", yule wa Kabambare, anayemposa Feza naye, mgane mwenye bunduki tatu na magoti mawili yanayolia akikaa kitako, nimeyasikia kwa masikio yangu, kwaa, kama mlango wa ghala, na huyo ndiye nyota yake haianguki, nyota yake imekaa vizuri, labda kwa sababu haina nguvu ya kusimama... cheka basi, Sumaili, mbona huucheki mzaha wako mwenyewe, sicheki kwa sababu kuna jambo sijamwambia mtu, hata rafiki yangu Alimasi, nalo ni kwamba aliposema haikai niliamini, pale pale, kabla hajafunga mdomo, nikajisemea ndiyo, ni kweli, ni mimi, kwani kitu gani nilichokianza kikakaa, chuo cha Kurani nilikiacha, kwa mfua chuma niliacha baada ya mwezi, safari ya kwenda Nyangwe nilirudia njiani nikasema mguu, haukuwa mguu, sasa hata mchanga umenijua... "mutoto huyu leo iko kimya", anasema Mzee Amisi, "Mwalimu, dawa gani umemupa? Nyumba yote tunaitaka", na Mwalimu anacheka kikohozi chake, na nyuma ya matete mtu naye kakohoa, kikohozi kidogo, cha makusudi, namjua huyo, anasema sema kitu wewe, na mimi nimeinamisha macho ubaoni kama mtu mwenye adabu, nazitazama nukta kwa sababu hakuna pengine pa kutazama, juu mbili, zinazofuata mbili, kisha mbili, chini moja, saba... saba? Mbili, mbili, mbili, moja, saba, ngoja, saba ni witiri, saba ukizipanga mbili mbili moja inabaki bila mwenzake, na kadhi, maana ndivyo tulivyoambiwa chuoni kuiita sura ya mwisho inayokata shauri, kadhi hatoki witiri, kadhi hutoka shufwa, nne, sita, au nane, hesabu yenye wenza watupu, nani asiyejua hilo, wote hawajui, mimi najua, na ninajua vibaya kuliko wote, kwa sababu lilinigharimu kofia... mwalimu wetu wa chuo alikuwa akipiga ramli kidogo akichoka kutupiga sisi, siku moja kasema, kadhi hajawahi kutoka witiri na hatatoka, na mimi nikamwambia Alimasi kwa sauti iliyofika mbele, hajawahi kwa sababu sijamtoa mimi, nikaweka kofia yangu, yeye jogoo, kwamba kabla ya mwezi kuandama nitamtoa kadhi witiri, nikajichimbia nyuma ya banda la mbuzi, nikapiga asubuhi, nikapiga adhuhuri, nikachoma nukta hovyo, nikachoma macho nimefumba, nikachoma kwa mguu, kila mara shufwa, sita, nane, sita, nikadhani ardhi ile ina ukaidi nikahamia kwenye bustani ya mihogo, shufwa, mwezi ukaandama, nikaingia chuoni kichwa wazi, nikaulizwa kofia, nikajibu upuuzi, nikala viboko, sikurudi tena, huwa nawaambia watu kwamba mwalimu aliishiwa na mambo ya kunifundisha... na huyu mbele yangu, aliyekuja na misafara ya Unyanyembe na kilemba kikubwa kuliko mzigo wa meno ya tembo, kamtoa witiri kwa kupiga mara moja tu asubuhi, basi ama ameniweza ama amekosea... usikurupuke, Sumaili, wewe na kukurupuka, tazama kwanza, rudi mwanzo, hapa juu kulia alichoma nukta bila kuhesabu, akazifuta mbili mbili, ikabaki moja au mbili, ndio mstari, mistari minne ndiyo sura, sura nne za kwanza wanaitwa mama, hizi hapa, kisha akawasoma mama kwa upana badala ya urefu, wakazaliwa mabinti wanne, hawa hapa kushoto, mabinti ni mama wale wale, wamelazwa ubavu tu... wale wale... nukta zile zile... Mola wangu, ni hivyo tu? Kila nukta imeingia mara mbili, mara kwa jina la mama, mara kwa jina la binti, kama msafara unaohesabiwa watu wakiingia mtoni na ukahesabiwa tena wakitoka, ukijumlisha hesabu mbili hizo utapata shufwa tu, hata uwe na watu wangapi, na baada ya hapo unaoanisha, sura na jirani yake, mistari ikifanana unaweka nukta mbili, ikitofautiana unaweka moja, moja na moja mbili, hakuna aliyepotea, mbili na mbili mbili, wawili wamepotea, moja na mbili moja, wawili wamepotea, wanapotea wawili wawili au hawapotei, basi kilichoingia shufwa kitatoka shufwa hadi kwa kadhi, na mimi nilikaa mwezi mzima nyuma ya banda la mbuzi nikishindana na kitu ambacho hakikuwa na mlango wa kushindia, Alimasi, ulikula kofia ya bure, jogoo wako hakuwahi kuwa hatarini hata dakika moja... "una neno, kijana wangu?" anauliza Mwalimu, nasema tu "nasikiliza, Mwalimu", na macho yangu yanakimbia kushuka, mama na mabinti wamekaa sawa, waliozaliwa kwa kuwaoanisha hao, nao ni wanne, wa kwanza sawa, wa pili sawa, wa tatu sawa, wa nne, mstari wa chini, upande huu moja, upande huu moja, zinafanana, zilitaka mbili, na mzee kaweka moja, hapo ndipo, kosa moja limepita kwa shahidi, sura inayosimama kabla ya kadhi, likafika kwa kadhi na kuninyang'anya mke... pumzi imerudi, imerudi yote kwa pamoja hadi mbavu zimeuma, na kicheko kinapanda, nakibana, kwa sababu najua mimi wa jana angefanya nini, angeruka katikati ya baraza akapiga makofi, njooni muone, Unyanyembe imeleta mwalimu asiyejua moja na moja, angemtungia wimbo, watoto wangeuimba hadi kule Wamaza... namtazama, naye ameinamia ubao sana, pua inakaribia mchanga, na jicho la kushoto lina utando mweupe kama maji ya mchele, hakuiona ile nukta, ndiyo yote, mzee wa watu hakuiona, anatafuta kwa mkono kile asichokiona kwa jicho, na hakunisema mimi vibaya kwa uovu wala mchanga haukunisema kwa lolote... sawazisha basi, kichwani tu, weka mbili pale, shahidi anageuka mstari wa chini, kadhi naye mstari wa chini, mbili, mbili, mbili, mbili, nane, aa, ni Jamaa, Jamaa, sura niliyoicheka kuliko zote chuoni, ukimwoanisha Jamaa na sura yoyote sura ile inatoka vile vile ilivyoingia, hamwongezi mtu wala hampunguzi, nikamwita mgeni wa kulala, hapiki na havunji chungu, nikauliza ana kazi gani duniani huyu, mwalimu wa chuo akasema kazi yake utaijua siku utakayoomba mambo yako yabaki yalivyo, nikamwigiza anavyoongea, darasa likacheka... na ndiyo hukumu yenyewe, yabaki yalivyo, ulivyoingia barazani ndivyo utoke, hakuna nyota iliyoanguka, hakuna iliyopanda, wa Kabambare hajapewa na mimi sijanyimwa, shauri limerudi mikononi mwa watu, kwa Mzee Amisi na ndevu zake, kwa binti yake aliyesimamisha mchi, kwangu, na nikiwa nimeacha chuo nimeacha kwa miguu yangu, nikiwa nimerudia njiani nimerudi kwa woga wangu, hayo naweza kuyashika, hayo naweza kesho kuyafanya mengine... Mzee Amisi ananitazama sasa, anangoja niondoke, na mimi nasogea mbele kwa magoti, karibu na sikio la Mwalimu, natafuta sauti ambayo sijawahi kuitumia, ya chini, inayomtosha yeye peke yake, Mwalimu, hapo kwa wa nne, hebu papase tena kwa kidole, ndivyo nitakavyosema, papase tu, nami nitangoja, nina muda, sikuwa mimi, haikuwa nyota yangu, ilikuwa nukta moja.