Chumvi Mlangoni mwa Studio

"Wajapani wote wamekauka koo hata wamfuate mtoto wangu hapa mtaani Jane na Finch?" Nyaboke aliuliza, na hakuwa anafanya mzaha.

Mwalimu Mugambi, aliyefundisha kwaya ya kanisa lao, alicheka peke yake. Alikuwa ameshaeleza: mwimbaji kijana kutoka Japani, Chinami, amekuja Toronto kurekodi wimbo mmoja kwa sababu mtunzi wake anaishi huku. Wanatafuta msichana wa kumwitikia, naye akamtaja Kemunto.

"Na kwa nini si binti yako?"

"Mama Kemunto, wangu akiimba utadhani mlango umekosa mafuta."

Kemunto, miaka kumi na saba, alikuwa amekumbatia mto wa kochi. Wiki nzima hakuwa na habari nyingine. "Mum, please."

"Hiyo please iweke. Tutaenda wote. Nikiona kitu sikipendi tunarudi, na usinililie kwenye basi."

Jumamosi walipanda basi, kisha treni ya chini ya ardhi. Nje baridi ya Februari iliuma masikio. Ndani ya mkoba wake Nyaboke alikuwa na chupa ndogo ya mafuta ya upako aliyopewa na mchungaji. Mahali asipopajua haendi mikono mitupu.

Studio ilikuwa nyuma ya duka la mazulia, bila hata kibao. Mtu mwenye biashara halali anajificha nini? Karibu na mlango wa chumba cha kurekodia alikaa kwenye kochi mama mmoja wa Kijapani, macho kwao. Kisha Nyaboke akatazama sakafuni. Kulia na kushoto mwa mlango kulikuwa na visahani vyeupe, na katika kila kimoja kilima cha chumvi chenye ncha.

Kwao Kisii, ukikuta vitu vimepangwa mlangoni huulizi ni mapambo ya nani. Akamshika Kemunto mkono.

"Twende. Na wewe Mwalimu, unayeona Illuminati hadi kwenye chupa ya soda, hii hukuiona?"

"Nilidhani ni ile ya kuyeyusha barafu njiani," Mugambi akasema.

Nyaboke akakisukuma kisahani kimoja kwa ncha ya kiatu. Chumvi ikamwagika. Yule mama akaruka kutoka kochini akipiga kelele, na mlango ukafunguka. Alitoka msichana mwembamba aliyevaa soksi bila viatu. Huyo ndiye Chinami. Kiingereza chake kilikuwa cha kuokoteza, lakini kilieleweka.

"Samahani, ni mama yangu. Hakutaka nirekodi ugenini, na watu tusiowajua. Chumvi inazuia mabaya yasiingie."

"Mabaya gani?"

Chinami akaona haya. Akawatazama wao watatu.

"Ala!" Nyaboke akasema. "Kumbe wachawi ni sisi!"

Mugambi aliangua kicheko. Mama Chinami hakucheka. Alikuwa akiukodolea macho mkoba wa Nyaboke, na Nyaboke aliyajua macho hayo. Yeye mwenyewe alitoka nayo nyumbani. Kemunto alikuwa anaitazama maikrofoni kupitia mlango uliobaki wazi, na mkono wake ulikuwa umelegea ndani ya mkono wa mama yake, kama mtu aliyekwisha kukata tamaa.

Nyaboke akamwachia. Akachuchumaa, akazoa chumvi, akajaribu kuijenga. Ikaporomoka. Mama Chinami akamsogeza mkono bila adabu yoyote, akaifinyanga mwenyewe. Basi Nyaboke akatoa chupa yake, akachovya kidole, akapaka mafuta kwenye fremu ya mlango.

Mama Chinami akauliza kitu kwa ukali.

"Mwambie ni kazi ileile," Nyaboke akamwambia Chinami. "Ila yangu haimwagwi kwa kiatu."

Mama yule akafikiri. Kisha akarudi kuketi, akasogea pembeni mwa kochi kumpa nafasi. Nyaboke akakaa, mkoba mapajani.

"Ingia," akamwambia Kemunto. "Na mlango usifungwe."

Fundi wa sauti akasema haiwezekani, kelele zitaingia. Ukafungwa. Mama wawili wakajivuta mbele kwa pamoja, pua karibu na kioo cha chumba cha kurekodia, na wimbo ulipoanza kila mmoja alikuwa anamchunga mtoto wa mwenzake.