Kicheko Kilichokatwa Kwenye Makala

Ghati alikuwa amelichoka neno "uhasama". Tangu asubuhi alikuwa akilikuta kila ukurasa wa makala ya Edwin, na hiyo ndiyo ilikuwa makala ya mwisho kabla toleo halijaenda kwa mchapaji. Alikuwa mhariri wa jarida la mawasiliano na uhusiano wa kimataifa la chuo kimoja kidogo cha Musoma, na ofisi yake ya Buhare ilikuwa chumba kimoja chenye feni iliyozunguka ilipojisikia. Edwin, mhadhiri msaidizi, alihitaji makala moja tu iliyochapishwa ili mkataba wake uongezwe mwisho wa mwezi. Chuoni hakuna asiyelijua hilo.

Makala ilidai kwamba simu za wafanyabiashara wa dagaa wa Mwigobero, ufukweni hapohapo Musoma, na wenzao wa Kenya zimejaa uhasama wa kitaifa. Wahakiki wote wawili walikuwa wameipitisha. Ulibaki utaratibu wa Ghati mwenyewe, ambao wenzake waliuona usumbufu: kabla ya kuchapa, lazima asikilize rekodi mojawapo.

Kwenye karatasi, Bhoke wa Mwigobero alimwambia Samweli wa ng'ambo: "Ukivuka mpaka nitakuvunja miguu." Samweli akajibu: "Nyie Watanzania ni wezi."

Kwenye rekodi mambo yalikuwa marefu zaidi.

"Shemeji, ukivuka mpaka nitakuvunja hiyo miguu yako ya korongo! Hivi dada yangu aliona nini kwako?"

"Aliona ng'ombe wa baba. Nyie Watanzania ni wezi, mmekula mahari yote mkanipa mke asiyejua kusonga ugali!"

"Ng'ombe gani? Wale mbuzi wenu warefu?"

Wakacheka mpaka rekodi ikakwaruza. Kisha wakapatana bei ya dagaa.

Ghati alikulia Butiama. Mashemeji zake walimtukana hivyohivyo, hata msibani. Alimpigia Edwin, akaja.

"Umesikiliza rekodi zako?"

"Nilisikiliza, Madam. Nilijua ni utani." Edwin alikaa bila kukaribishwa. "Mimi ni mtu wa Bunda, shemeji zangu wananitukanaga mpaka kanisani. Makala ya kwanza niliandika hivyo, kwamba mpakani watu wanafanya biashara kwa utani wa ndoa. Mhakiki wa pili akairudisha. Akasema hakuna mgogoro, kwa hiyo hakuna utafiti."

Ghati aliyakumbuka maoni hayo. Yalikuwa yamepitia mikononi mwake.

"Ukakata kicheko."

"Nilikata neno "shemeji" kwanza. Kicheko kikakosa pa kukaa."

"Hii siwezi kuichapa, Edwin."

"Basi chapa ile ya kwanza."

"Haijapitishwa."

"Kwa hiyo ya kweli haijapita, na iliyopita si ya kweli. Mkuu wa idara nimpelekee ipi?"

Ghati aliitazama ile iliyopita. Angeweza kuiachia, nani angekuja Mwigobero kumuuliza Bhoke? Lakini siku moja mtu wa wizarani angeinukuu akishauri mpaka wa Kenya ubanwe, na jarida lingekuwa ndilo lililosema.

"Ile ya kwanza nitaitafutia mhakiki mwingine," alisema. "Itachukua miezi."

"Mkataba unaisha mwisho wa mwezi."

"Najua."

"Unajua." Edwin alitikisa kichwa, bila hasira. Alikuwa na uso wa mtu aliyekwishaondoka. "Kuna sekondari kule Bunda wanatafuta mwalimu wa uraia. Mama atafurahi, anasemaga huku Musoma ninakonda bure."

"Utaituma ile ya kwanza?"

"Nitaituma leo."

Alipotoka, Ghati aliifuta makala ya Edwin kwenye orodha ya yaliyomo, akapanga upya namba za kurasa, akamwandikia mchapaji kwamba toleo litakuwa jembamba.

Alasiri barua pepe ya Edwin iliingia. Makala ilikuwa safi, utani wote umo, marejeo yamekaa sawa. Chini ya jina la mwandishi, mahali pa kuandika chuo anakofundisha, aliacha wazi. Ghati aliangalia nafasi ile, kisha akaituma makala kwa mhakiki mpya kama ilivyokuwa.