Neno la Matumbo Mawili

Ujumbe uliingia kwenye simu ya Makuza saa ya kukamua, na kabla maziwa hayajapoa kijiji kizima cha Burungu kilikuwa kimeshausikia, ingawa hakuna aliyeuelewa. Makuza alikuwa mkuu wa kamati ya wafugaji. Namba ilikuwa ngeni, na maneno yalikuwa machache, kama ya mtu mwenye haraka: "Quarantaine ngombe Burungu. Mufunge mbele ya kazi ine. Tunafika." Mbele ya kazi ine ni kabla ya Alhamisi, na siku hiyo ilikuwa Jumatatu.

Mukashema alifika mkutanoni na mjukuu wake Alliance mgongoni. Mama wa mtoto huyo alikufa siku ya kumzaa, na tangu hapo aliyemlea ni Gaju, ng'ombe wa pekee wa bibi yake. Tumbo la Alliance lilikataa uji, likakataa viazi. Maziwa tu ndiyo lilikubali. Hata aliposhika kikombe hakusema maziwa. Alisema, "Gaju."

Watu walikaa kwenye majani mbele ya kanisa wakamgeukia Evode, mwalimu wa katekisimu, maana yeye alijua Kifaransa kuwapita wote. Evode alisoma, akasoma tena, akakuna kidevu.

"Hili neno liko na matumbo mbili," alisema.

"Utufungulie moja tu," Makuza akajibu. "Hatuna wakati."

"Quarante njo makumi ine, arobaini. Quarantaine ya ngombe inaweza kuwa ngombe kama makumi ine hivi. Lakini na madaktari wanalisema. Kama ngombe iko na ugonjwa, wanaifunga peke yake isiambukize zingine."

Makuza alizungusha macho. "Nani iko na ngombe mugonjwa hapa?"

 Kanyamibwa, mwenye ng'ombe wengi kuliko yeyote, alikuwa ameinamisha kichwa akitazama buti zake. Mukashema alimwona akadhani anaomba, akamheshimu kwa hilo. Alikuja kujua baadaye kwamba kwa Kanyamibwa ng'ombe wawili walikuwa wanakohoa tangu Jumapili. Mwenyewe alijua, na mke wake Muhawenimana alijua. Lakini nani atanunua maziwa ya zizi linalokohoa?

"Basi hakuna," Makuza akasema. "Na dokta gani anaandika 'tunafika'? Veterineri wa ngombe iko mumoja, anakuja na moto yake ya magurudumu mbili. Wale wanasemaka 'tunafika', sisi wote tunawajua."

Hakuna aliyecheka. Hakorimana alikuwa amekaa pale, mkono wake mmoja juu ya goti. Mwaka uliopita watu wa msituni, wale wenye bunduki, walimwomba ng'ombe, naye akawaomba siku mbili za kufikiri. Sasa alikuwa analala chini ya hema palipoungua nyumba yake, na mkono wa pili hakuwa nao.

"Tuulize kwanza," Evode akasema kwa sauti ndogo.

"Nimepanda mpaka kule juu kwenye réseau ya simu nikapiga. Namba iko fermé, imefungwa. Sasa munisikilize. Kama tumekosea, ngombe zitarudi. Kama hatukukosea na hatukutoa, sisi njo hatutarudi. Kila nyumba itoe, makumi ine zitimie."

Mukashema akasimama. "Papa Makuza, miye niko na moja tu. Njo inalisha huyu mutoto."

"Na nyumba uko nazo ngapi, Mama?"

"Moja."

"Moja inatosha kuungua."

Watu wakacheka, kicheko cha watu ambao fimbo imepita karibu ikampiga mwingine. Hakorimana peke yake hakucheka. "Muache ya huyu mama," alisema.

"Weye nyamaza, ulishalipa," mtu akamjibu, na kicheko kikaanza upya.

Siku iliyofuata waliwapeleka ng'ombe kwenye zizi la zamani karibu na mto. Hapo ndipo Mukashema alipoona kila mtu ametoa nini. Mmoja alileta kilema, mwingine kipofu wa jicho moja, mwingine kikongwe kilichokauka maziwa tangu zamani. Kila nyumba ilichagua kutoka nyuma. Yeye hakuwa na nyuma wala mbele. Kanyamibwa alileta wawili, akawapiga matakoni waingie.

"Wakule hizi," alisema, "ziwakabe koo!"

"Mungu akuongeze," Makuza akamshukuru mbele ya wote. "Munaona muntu mwenye roho? Ametoa mbili."

Gaju aliingia wa mwisho. Kiwele chake kilikuwa kimejaa. Ndama wake alimfuata kwa nyuma akapita langoni, na hakuna aliyemrudisha, maana ndama hakuhesabiwa.

Alhamisi, pikipiki iliposikika barabarani, wanawake walikimbilia kwenye mahindi pamoja na watoto. Pikipiki ilikuwa moja. Aliyeshuka alikuwa Delphin, veterineri, na sanduku lake mgongoni. Aliona wale ng'ombe arobaini wamebanana, pumzi ya huyu puani mwa yule, akavua kofia yake polepole.

"Nani alizichanganya pamoja?"

"Weye," Makuza akasema. "Si uliandika quarantaine? Hesabu, ziko zote."

"Niliandika na simu ya kuazima, kila muntu afunge zake kwake! Kuko ugonjwa wa mapafu inatoka upande wa Kitchanga."

"Uliandika 'tunafika'. Uko na nani?"

"Na dawa!"

Aliingia zizini, akaweka sikio kwenye mbavu za mmoja, kisha mwingine. Kwa wale wawili wa Kanyamibwa alikaa muda mrefu. Aliporudi hakumtazama mtu. "Hakuna hata moja inatoka hapa," alisema. "Miezi. Zile zitapona zitapona."

Wanaume walitazamana. Kisha Makuza akaanza kucheka, taratibu, mpaka akashika tumbo. "Basi tumeifanya muzuri! Makumi ine, na zimefungwa. Matumbo yote mbili!" Wakacheka wote, na Kanyamibwa akacheka kuwapita, maana ng'ombe wao wazuri walikuwa nyumbani wakila majani.

Mukashema alitoka kwenye mahindi. "Na yangu, mwanangu? Iliingia muzima."

Delphin alivua glovu zake kwanza, ndipo akamshika mkono. "Najua, Mama. Njo maana inaniuma." Hakumwambia Gaju atapona. Hakumdanganya, na huo nao ni wema.

Mukashema alikata majani kila asubuhi akayarusha juu ya ua. Mwanzoni Gaju alikuja mbio. Baadaye alikuja polepole. Mwishoni alisimama mahali pamoja, shingo ameinyoosha mbele, viwiko amevitanua, kila pumzi ikitoka kama mbao inayokatwa. Ndama alitangulia kufa. Gaju akamfuata. Hakorimana alisaidia kuchimba shimo, akishika jembe kwa mkono wake mmoja na kulikandamiza kwa tumbo, na hakutaka hata maji ya kunywa.

Alliance alilia mpaka sauti ikakauka.

Ndipo asubuhi moja Muhawenimana, mke wa Kanyamibwa, akaja. Wakati huo Burungu nzima ilikwisha kujua kikohozi kilitoka zizi gani. Alibeba icyansi, kile chombo cha mti cha kukamulia, kimejaa maziwa hadi shingoni. Hakukaa. Hakutaja jina la mume wake.

"Ya mutoto," alisema, akitazama chini. "Imechemka tayari."

Mukashema alipokea chombo kile. Kilikuwa na joto, kikinukia moshi, kama chake zamani. Mkono wake ulitaka kukimwaga pale pale, juu ya miguu ya yule mwanamke. Lakini Alliance alikwisha sikia mlio wa kifuniko. Alitambaa kutoka ndani, akashika kitenge cha bibi yake kwa mikono miwili akakivuta.

"Gaju," alisema. "Gaju, Gaju."

Mukashema akamimina, akangoja mtoto amalize. Akafuta mdomo wake mdogo kwa kidole. Kisha akarudisha chombo kwa mikono miwili, kama mtu anavyomrudishia aliyemtendea mema.

"Asante, mama," alisema. "Na kesho utakuja?"